Bomba la Mama Sabra

Kila siku akitoka madrasa, Tuhfa alikuwa na kazi mbili kabla ya kuruhusiwa kucheza. Ya kwanza ilikuwa kukuna nazi. Ya pili ilikuwa kuchukua ndoo na kwenda kuteka maji nyumba ya jirani, kwa Mama Sabra, kwa sababu nyumba yao haikuwa na bomba. Akisharudi na ndoo kichwani, mama yake huanza kazi. Mchele uliolowekwa tangu jana husagwa pamoja na tui na hiliki, hutiwa hamira, na ukishaumuka humiminwa kwenye sufuria yenye makaa chini na makaa mengine juu ya kifuniko. Hivyo ndivyo ulivyopikwa mkate wa kumimina wa Mama Tuhfa, na hapakuwa na mtu katika ile Barabara ya Kumi na Mbili, Ngamiani, aliyewahi kuusema vibaya.

Jioni mama yake aliuuza mkate huo barazani. Baraza ya pili yake, Mama Sabra aliuza kachori na chatini ya ukwaju. Wanawake hawa walikuwa mashoga, marafiki wa miaka mingi. Binti zao, Tuhfa na Sabra, walisoma darasa la sita na kukaa dawati moja. Mambo yote yalikuwa shwari mpaka Maulid alipoanza kuleta wageni.

Maulid alikuwa kijana wa mtaa wa Mabawa aliyejitafutia kazi yake mwenyewe. Jioni za Jumanne na Jumamosi aliwatembeza wageni kwa miguu katika mitaa ya Ngamiani, akiwaonyesha nyumba za zamani na kuwaonjesha vyakula vya barabarani. Wengine walitoka Ulaya, wengine Arusha na Dar es Salaam. Walianza na kahawa na kashata kwa Mzee Mselem, wakafuata mishikaki, kisha wakamalizia kwa Mama Sabra. Hapo walikaa barazani wakala kachori za moto, wakachovya kwenye chatini na kupuliza midomo kwa pilipili. Wakiondoka, walipita mbele ya Mama Tuhfa wakiwa wameshiba, wakampungia mkono.

Kule kupungiwa mkono ndiko kulikomuuma Tuhfa. Angalau wangepita bila kutazama.

Tena Sabra ndiye aliyewaeleza wageni kachori inavyotengenezwa. Alisimama na sinia lake, akataja viazi, ndimu na pilipili kwa Kiingereza cha shuleni, na wageni wakampiga picha. Picha moja Maulid aliiweka mtandaoni. Mwalimu wao, mwalimu Timotheo, akaileta darasani kwenye simu yake na kusema kwamba Sabra ameipa sifa shule. Darasa zima likapiga makofi. Tuhfa naye alipiga makofi, lakini alikuwa wa kwanza kuacha.

Kuanzia siku hiyo aliona kila kitu cha Sabra ni kujishaua. Kicheko chake kilimkera, mtandio wake mpya ulimkera, hata namna alivyoshika kalamu ilimkera. Alihama dawati kwa kisingizio kwamba haoni ubao vizuri.

"Tuhfa, nimekukosea nini?" Sabra alimuuliza wakitoka shule.

"Hujanikosea kitu. Wewe si mtu mkubwa siku hizi?"

Nyumbani alimuuliza mama yake kwa nini wageni hawasimami kwao. Mama alicheka. "Wanafika hapa wameshashiba, mwanangu. Aliyeshiba utamlisha vipi?" Alisema hivyo kwa wepesi, lakini Tuhfa alimwona akifunika kawa juu ya mkate uliobaki, na gere lake likazidi.

Jumamosi moja alasiri Maulid alikuja peke yake. Tuhfa alikuwa barazani, amekalia mbuzi, anakuna nazi.

"Shikamoo, kaka Maulid."

"Marahaba. Mama yupo?"

"Yupo ndani anaswali."

"Basi nitamngoja." Maulid aliketi. "Na Sabra hajambo? Wale wageni wa Jumanne mpaka leo wananiandikia, wanamtaja yeye tu."

Hata wao, Sabra tu. Tuhfa aliacha kukuna. Hakuwa amepanga kusema lolote, lakini maneno yalikuja yenyewe, na hakuyazuia.

"Kaka Maulid, nikwambie kitu? Lakini usiseme umekisikia kwangu."

"Sema."

"Ile chatini yao. Maji yao si mazuri. Kuna watu wameumwa matumbo."

Maulid aligeuka kumtazama. Mvua za mwaka uliopita zilikuwa zimeleta ugonjwa wa kuhara, na bwana afya alipita nyumba kwa nyumba akiwahimiza watu wachunge maji yao. Lilikuwa jambo ambalo hakuna mtu Ngamiani aliyelichukulia mzaha.

"Una hakika?"

"Nina hakika," alisema Tuhfa, ambaye hakuwa amesikia hata mtu mmoja akilalamika tumbo.

Mama yake alitoka akiwa bado na kanga za kuswalia. Alimkaribisha Maulid, akamkatia kipande cha mkate. Maulid aliuma mara moja, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Kisha akauliza polepole, "Samahani, mama. Maji ya kupikia mnateka wapi?"

"Kwa Mama Sabra," mama alijibu kwa fahari. "Tangu nimeolewa nyumba hii sijateka pengine. Kila tone linaloingia jikoni kwangu limetoka bomba lile."

Maulid alikitazama kile kipande mkononi mwake. Alikirudisha kwenye sahani, akafuta vidole, akaaga kwamba atakuja siku nyingine. Mama alibaki ameduwaa. Tuhfa alikitazama kipande chenye alama ya meno, na hapo ndipo alipojua alichokifanya. Mbio za kumfuata Maulid zilikuwa ndogo tu, hadi kona ya mtaa. Hakukimbia.

Jioni ile Mama Sabra alikaanga kachori sinia zima. Aliwaona wageni kwa mbali, Maulid amewatangulia, wakikata kona kuelekea barabara nyingine. Jumanne ikawa vilevile. Tena Maulid alikuwa amemuuliza Mzee Mselem kwa siri kama amesikia habari za maji yale, na siri haikai pale watu wanapokunywa kahawa. Hata wateja wa mtaani wakaanza kupungua. Jirani mmoja aliyekuwa akinunua mkate kila siku alipita akisema, "Leo hatuna haja, Mama Tuhfa," huku akitazama pembeni.

Mkate ulirudi ndani mzima. Mama aliuweka mezani, akaketi mbele yake.

"Wanasema maji ya Mama Sabra yana ugonjwa," alisema. "Nani mwenye roho ya kusema neno kama hilo? Na mimi nipike kwa maji gani?"

Tuhfa aliinamisha kichwa.

Siku ya pili alichukua ndoo kama kawaida. Uani kwa Mama Sabra alikuta pipa limelazwa ubavuni na Sabra yumo nusu ndani yake, anasugua kwa sabuni na kumbi la nazi. Macho yake yalikuwa mekundu. Bomba lilikuwa limefungwa kwa kitambaa. Mama Sabra alikuwa amekaa mbele ya jiko akichemsha maji kwenye sufuria kubwa.

"Shikamoo, Mama Sabra."

"Marahaba, mwanangu. Usiteke hapo. Bomba nimelifunga mwenyewe."

"Kwa nini?"

"Si umesikia maneno ya watu? Mimi sijaona ubaya wa maji haya, lakini bomba lenyewe la zamani. Huenda limetoboka huko chini na uchafu unaingia, nitajuaje? Nimekwenda kwa bwana afya, kesho anakuja kuyapima." Alimtazama Tuhfa kwa wasiwasi. "Hebu niambie kweli. Kwenu kuna aliyeumwa tumbo? Wewe hujambo?"

"Sijambo."

"Na mama?"

"Hajambo."

"Alhamdulillahi. Kinachonitia hofu ni nyinyi, si kachori. Mnayanywa kila siku. Ningewadhuru, ningemtazama mama yako kwa jicho gani?" Alisukuma ndoo moja iliyofunikwa. "Haya nimeyachemsha kwa ajili yenu. Mpelekee, asikwame kazi yake."

Tuhfa aliishika ile ndoo. Bado ilikuwa na joto. Alishindwa kuinyanyua, na haikuwa kwa uzito.

"Mama Sabra," alisema, "maji hayana kitu. Ni mimi niliyesema."

Sauti ya kusugua ilikoma. Sabra alijitoa kwenye pipa na kumbi lake mkononi.

Tuhfa alieleza yote, nazi aliyokuwa akikuna, Maulid alivyomtaja Sabra, na uongo aliousema. "Nilimwonea wivu Sabra," alimalizia. "Kila mtu ni Sabra, Sabra. Na mkate wa mama hakuna anayeuonja."

"Mimi ndiye niliyemwomba kaka Maulid awalete wageni kwenu," Sabra alisema kwa sauti ya kukwaruza. "Jumamosi ile alikuja kumwambia mama yako." Akaingia tena ndani ya pipa, akaendelea kusugua ingawa hapakuwa na haja tena.

Mama Sabra aliipua sufuria iliyokuwa ikifurika na kumwagikia makaa. Kisha alijifunga kanga yake. "Twende kwa mama yako," alisema.

Mama Tuhfa alisikiliza hadi mwisho. Hakumpiga, wala hakupaza sauti. Alimwambia, "Vaa mtandio. Tunakwenda kwa Maulid, kisha kwa Mzee Mselem. Utasema wewe mwenyewe, kwa mdomo uleule."

Kwa Maulid mambo yalikuwa mepesi kidogo. Kwa Mzee Mselem kulikuwa na watu wazima wamejaa kwenye mabenchi na vikombe mkononi. Tuhfa alisema yote, na mtu mmoja aliyekuwa mbali akamtaka arudie, naye akarudia. Mzee Mselem aliweka birika chini.

"Mtoto amesema lake," alisema. "Na sisi je? Neno lilifika hapa, hakuna aliyekwenda kumuuliza mwenyewe. Nami nitampitia Mama Sabra leo nimwombe radhi."

Bwana afya alikuja, akachukua maji kwenye chupa. Baadaye alileta majibu kwamba ni salama, akamsifu Mama Sabra kwa pipa lake safi.

Jumamosi iliyofuata wageni walirudi. Maulid aliwaomba wale kachori chache kwa Mama Sabra, wabakishe nafasi, kisha akawaleta baraza ya pili. Mama Tuhfa alifunua mkate mbele yao, mvuke wa hiliki ukapanda. Mama mmoja kutoka Arusha, aliyekuwa na mtoto mdogo, alisita kabla ya kumpa mwanawe.

"Samahani, maji mnayopikia ni salama?"

Maulid aligeuka. Alimtazama Tuhfa. Barazani kwao, Mama Sabra na Sabra nao wakatazama.

"Ni salama," alisema Tuhfa, kwa sauti iliyofika baraza zote mbili. "Ni ya bomba la Mama Sabra. Mimi ndiye ninayeyateka, na ndiyo tunayokunywa."

Mtoto akapewa mkate. Alipomaliza, aliomba kipande kingine.

Wageni walipoondoka, Tuhfa alikwenda kumsaidia Mama Sabra kukusanya sahani. Alitarajia kukaripiwa. Mama Sabra alimkalisha karibu naye.

"Wivu humwingia kila mtu, Tuhfa. Unafikiri mimi siuonei wivu mkate wa mama yako? Nimejaribu kuupika mara ngapi, unatoka mgumu. Lakini nikiona hivyo nakwenda kumwomba anifundishe. Siendi kumchafua. Ungemwambia Maulid, 'Njoo uonje mkate wa mama,' ungekuwa umesema kweli, na sote tungefaidika. Ulitaka kuniharibia mimi, ukaharibu jiko la mama yako, maana tunaishi kwa bomba moja. Siku nyingine roho ikikuuma, sema inakuuma. Usitafute uongo wa kuituliza."

"Nimesikia, Mama Sabra. Nisamehe."

"Nimekusamehe. Kwa Sabra utajiombea radhi mwenyewe."

Asubuhi Tuhfa alichukua ndoo, akaenda uani. Sabra alikuwa anafagia. Tuhfa alimwomba radhi. Sabra aliweka ufagio ukutani, akaja, akafungua bomba, na wote wawili wakasimama wakitazama maji yakipanda ndani ya ndoo.

"Usijaze sana," Sabra alisema mwishowe. "Utayamwaga njiani."