Rozari kwa Rowena na Anton

Mtaa wa Raon, Manila, ulifurika watu mchana ule, kila duka likipiga muziki wake. Rowena Buenafe alikuwa amejificha nyuma ya miwani myeusi, amekumbatia kinanda cha umeme kilichogoma kulia.

"Kaka, kitapona hiki?"

Fundi Santi Magbanua hakuinua kichwa. "Kimefanywa nini?"

"Kimemwagiwa kahawa."

"Na adui yako?"

"Na mimi."

Santi akacheka, akamtazama, akamtambua yule nyota wa tamthilia. "Mama akisikia umekalia kigoda hiki, atakihamishia sebuleni."

Tangu siku ile simu hazikukatika.

"Umekula, mtoto wa watu?" Santi angeuliza.

"Wali na samaki mkavu. Anton kalalamikia harufu tukirekodi."

"Mwambie mwenye mali anaipenda."

Lakini huyo mwenye mali hakutakiwa kujulikana. Rowena aliimba nyimbo za vinanda zilizochezwa Manila nzima, na kila jioni alionekana kwenye tamthilia akipendana na Anton Villareal. Kwetu huku, wawili wakipendana kwenye televisheni, mashabiki huwadai wapendane na nje. Mkataba wake ulimkataza kuwa na mwanamume mwingine hadharani.

Mamake Santi, ambaye figo zake zilikuwa zimechoka, hakukosa kipindi hata kimoja. Alisali rozari ili Rowena na Anton waoane. Mwanawe alikaa kando yake kimya, akiumia.

"Njoo umwambie," Santi alimsihi Rowena kwenye simu. "Dakika tano tu. Ajue mkwe wake ni nani."

"Filamu yangu na Anton ikishatoka, laazizi. Miezi miwili."

"Mama hana miezi miwili."

"Usinitishe, Santi."

"Sikutishi. Nakwambia alichosema daktari."

"Akimwambia jirani mmoja tu, nimekwisha. Subiri kidogo."

Hapo Rowena alikosea, nami sitamtetea. Santi alikata simu, na hakupokea nyingine. Siku ya nane mama akafa.

Rowena alimwendea meneja wake, akamwambia kila kitu huku analia. Meneja alifikiri, kisha akasema, "Nenda kahani. Ila nenda na Anton. Ukionekana peke yako watauliza."

Jumamosi alasiri wakafika msibani, Rowena kwenye gauni jeupe lisilo na urembo, uso bila poda. Waliokuwa wakicheza karata chini ya turubai waliinuka wote pamoja. Santi alisimama karibu na jeneza, utepe mweusi kifuani, macho mekundu.

"Umekuja na yeye," alisema taratibu.

"Wamenilazimisha. Nimewaambia ukweli, Santi. Nimewaambia wewe ni nani wangu."

"Umewaambia wao."

Mama mdogo wa Santi akajipenyeza katikati yao, mashavu yamelowa.

"Jamani, wanangu, mmekuja! Dada kafa akiwataja nyie wawili. Shikaneni mikono hapa mbele yake, apumzike."

Anton hakuwa mtu mbaya. Alirudisha mikono nyuma na kutazama chini. Simu zilikwishainuliwa kupiga picha.

"Nitasema sasa hivi," Rowena alimnong'oneza Santi. "Mbele ya wote. Wanifukuze wakitaka. Nikubalie tu."

Aliyasema kwa moyo wote, na Santi aliliona hilo. Alimtazama mamake kupitia kioo cha jeneza, amevalishwa gauni lake la kanisani.

"Usimharibie," alisema. "Mwaka mzima hakuwa na furaha nyingine. Mshike."

"Santi, tafadhali."

"Mshike, Rowena. Watu wanangoja."

Akaushika mkono wa Anton. Mama mdogo akalia kwa furaha, akamwambia marehemu kwamba maombi yake yamejibiwa, na wanawake wakapiga makofi msibani. Rowena alitamani ardhi immeze.

Alipogeuka, Santi alikuwa ameshachukua sinia la kahawa na biskuti, anawapitishia wageni. Alipomfikia alimnyooshea kikombe.

"Karibu, dada," alimwambia. "Asante kwa kuja." Kisha akasogea kwa mgeni aliyefuata.