Kura ya Sita

Saa sita na robo mchana hakukuwa na kiti hata kimoja katika mgahawa wa tambi wa mtaa wa Anguk, karibu na mahakama. Watumishi wa mahakama, waandishi wa habari, na waandamanaji wa kambi mbili waliokuwa wakitukanana barabarani dakika kumi zilizopita, wote walisubiri mlangoni kwa adabu moja, njaa ikiwa imewapatanisha.

"Wewe uko peke yako? Na wewe?" mama mwenye mgahawa aliuliza, akimshika bega mwanamume mmoja na mwanamke mmoja. "Kaeni pamoja. Mnakula tambi tu, hamwoani."

Wakaketi. Mwanamke alivaa sweta la kijivu lenye sindano mbili zilizochomekwa kwenye ukosi. Mwanamume alivaa suti ya bluu iliyokolea, na kifungo cha mkono wake wa kulia kilining'inia kwa uzi mmoja.

"Kaka, mkono wako."

"Samahani, nimekugusa?"

"Kifungo. Kitadondokea kwenye supu, kisha utamgombeza mama wa watu kwamba amekupa mfupa."

Alikuwa tayari amechomoa sindano.

"Unatembea na sindano?"

"Na wewe unatembea na kalamu tatu mfukoni. Nyoosha mkono, tambi zinakuja."

Hivyo ndivyo Pyo Sunyeong, fundi cherehani wa miaka arobaini na moja, alivyomshonea kifungo Tak Inbeom, aliyezidiwa naye umri kwa miaka miwili. Harufu ya vitunguu saumu na makoti yaliyolowa mvua ilikuwa imejaa chumba kizima. Inbeom alifumba macho kama anachomwa sindano ya hospitali.

Tangu siku hiyo walikula pamoja kila Jumanne na Alhamisi.

"Umekula?" Inbeom alipiga simu kila mchana ambao hawakuonana.

"Nimekula. Wewe?"

"Mkate."

"Mkate ndiyo chakula? Mtu mzima na suti yake! Bosi wako hana huruma?"

"Dada Sunyeong, nikilalamika utaniletea supu?"

"Nitakuletea maneno. Supu kanunue."

Inbeom hakuisema kazi yake yote. Alisema anaandika ripoti katika ofisi ya serikali. Ukweli ni kwamba alikuwa mtafiti wa Mahakama ya Katiba, mmoja wa wale wanaosoma faili kabla ya majaji tisa na kuwaandikia lililomo.

Sunyeong naye hakusema lake. Kila asubuhi, saa mbili hadi saa tatu, alisimama peke yake mbele ya lango kuu la mahakama hiyo hiyo, bango mikononi: *Mimi ndiye niliyemlea. Nifungulieni faili la mdogo wangu.* Mdogo huyo, Giwan, alikufa kazini, kwenye ghala la barafu, akiwa na miaka ishirini na sita. Uchunguzi ulifungwa. Sheria iliruhusu mzazi, mume, mke au mtoto wa marehemu kulisoma faili. Dada hakutajwa, na Sunyeong alikuwa ameiomba mahakama iifute sheria hiyo. Wazazi wao walikuwa wamekufa Giwan akiwa na miaka saba, na mke hakuwa amepata. Kwa hiyo hapakuwa na mtu duniani wa kuuliza Giwan alikufaje.

Hakumwambia Inbeom kwa sababu alikuwa amechoka. Ile saa ya tambi ndiyo saa pekee ambayo hakuwa dada wa marehemu. Na Inbeom hakuwahi kuliona bango, maana watumishi waliingia kwa mlango wa nyuma.

Mwishoni mwa Novemba faili la ombi la kuipinga sheria hiyo liliwekwa mezani kwa Inbeom. Alisoma jina la mleta maombi mara tatu, kisha akalibeba hadi kwa jaji aliyemsimamia.

"Mheshimiwa, huyu namfahamu."

"Unamfahamu vipi?"

"Alinishonea kifungo."

Mzee aliinua macho. "Na baada ya kifungo?"

Inbeom alitazama kifungo cha mkono wake.

"Acha faili hapo," mzee alisema.

Inbeom aliamini amebakiza jambo moja tu: kujitenga na Sunyeong. Kama wangeonekana pamoja kabla ya hukumu, watu wangesema mleta maombi ana mtu wake ndani, na ombi lingechafuka. Kumweleza Sunyeong nako ni kutoa habari za faili. Akaacha kupiga simu. Sunyeong alipompigia, hakupokea.

Asubuhi moja ya Januari lango la nyuma lilizibwa na theluji, na watumishi wakapita mbele. Sunyeong alimwona akija, suti ileile ya bluu. Alitabasamu kabla ya kukumbuka kwamba amekasirika. Inbeom alilisoma bango, akamtazama uso, akapita.

"Ahaa," Sunyeong alijisemea huku mvuke ukimtoka mdomoni. "Kumbe ananionea haya."

Hukumu ilitolewa Juni. Sunyeong alivaa nguo nyeupe aliyojishonea mwenyewe, akakaa mstari wa pili na wakili wake. Majaji watano walisema sheria inavunja katiba. Wanne walisema haivunji.

"Watano ni wengi kuliko wanne," Sunyeong alinong'ona. "Tumeshinda?"

Wakili alivua miwani. "Ili sheria ianguke wanatakiwa sita, mama. Tumeshindwa."

Nje, kando ya ukuta wa mawe, Inbeom alikuwa akisubiri.

"Oo, leo unanijua?" Sunyeong alisema. "Sina bango leo, sikuaibishi?"

"Sikuwa naona haya. Faili lako lililetwa kwangu. Nikalikataa, kwa sababu yako."

Akamweleza yote palepale, watu wakipita katikati yao. Alipofika mwisho, alisita.

"Malizia," Sunyeong alisema. "Uso wako una kingine."

"Mtafiti aliyelipokea alikuwa na rundo la mafaili mengine mbele yake. Ikawa miezi minne zaidi. Machi Jaji Maeng akastaafu."

Sunyeong alimjua Jaji Maeng. Kila aliyesimama langoni pale alimjua. Ndiye aliyewahi kuandika kwamba mzazi ni yule aliyekupikia uji. Kiti chake alipewa mtu wa rais, na mtu wa rais alikuwa miongoni mwa wale wanne.

"Kwa hiyo ulinipenda, ukaniangusha."

"Ndiyo."

"Ungenyamaza, ukaandika tu ripoti yako."

"Ningekuwa mwongo mbele ya majaji tisa."

"Mimi huo uongo ningeupokea, Inbeom. Kwa mikono miwili. Ningejua mdogo wangu alikufaje."

"Najua."

"Hujui. Umekula viapo tu wewe, hujawahi kulea mtoto." Sauti yake haikupanda. Hakuwa na nguvu ya kuipandisha. "Niache nipite."

Inbeom alipiga simu kila mchana. Haikupokelewa. Siku ya kumi na tisa simu yake yeye ndiyo iliyolia.

"Usiongee, nisikilize," Sunyeong alisema. Nyuma yake cherehani zilikuwa zikinguruma. "Jumamosi ni siku ya kumbukumbu ya Giwan. Mimi nimejaribu kukusamehe, nikaona siwezi kumsemea yeye. Njoo umwambie mwenyewe. Saa kumi na moja jioni. Na usivae kama mwanasheria."

"Nije na nini?"

"Matunda. Pea kubwa tatu. Zisiwe na mabaka, alikuwa mchaguzi."

Chumba cha Sunyeong kilikuwa mtaa wa Changsin, juu ya karakana ya kushonea. Mezani mbele ya picha ya Giwan kulikuwa na wali, supu ya figili, samaki mmoja mzima, na katikati, kinyume cha desturi, sahani ya kuku wa kukaanga, chakula alichokipenda marehemu. Inbeom alikuja na sweta jeusi lililochakaa viwiko. Alipanga pea, akajaza kikombe cha mvinyo wa mchele, akakizungusha mara tatu juu ya moshi wa ubani, akasujudu mara mbili. Kisha akabaki amepiga magoti.

Kijana wa pichani alikuwa akicheka na mtu asiyeonekana.

"Nimwambie mimi ni nani?" aliuliza bila kugeuka.

Sunyeong alihamisha vijiti vya kulia chakula vya marehemu kutoka kwenye wali, akaviweka juu ya kuku. Alichukua muda kuvinyoosha.

"Anza na kumwambia wewe ni shemeji yake," alisema. "Halafu mwambie mengine yote."

Inbeom aliweka paji la uso sakafuni, akaanza.