Wa Nyuma ya Yuyun

Mtandio ulirushwa juu, lakini haukuanguka chini.

Yuyun alikuwa akijirekodi adhuhuri uani kwao Banyuwangi, akicheza mtindo ulioshika simu za nchi nzima. Roho ilimuuma. Yeye ndiye aliyemfundisha mdogo wake Wening kucheza, na sasa Wening ana watazamaji milioni mbili. Yeye ana mia na kumi, nusu yao binamu zake. Akaona amzidi kwa pambo: akauchukua bila ruhusa mtandio mwekundu wa bibi yao Tukinah, mchezaji wa zamani wa gandrung, ngoma ya jadi ya kwao. Mwishoni akaurusha kuelekea kisimani. Aliukuta ukingoni umekunjwa vizuri, unanuka udi na asumini.

Akairusha video mtandaoni hivyohivyo. Alasiri watazamaji walifika milioni tatu, na furaha ilimjaa mpaka aliposoma maoni. Wote walimsifu mwanamke aliyecheza nyuma yake, karibu na kisima. Mmoja aliandika, "Wa mbele atupishe."

Bibi Tukinah alipoonyeshwa, alikaa chini taratibu. Alisema anayerushiwa mtandio ule amealikwa kucheza, na haondoki mpaka aagwe. Akamwambia Yuyun afute video, afukize udi, aombe radhi kisimani, na asicheze tena.

"Nifute milioni tatu, Bibi? Angekuwa Wening ungemwambia afute?"

"Wening hajamwalika jini, mjukuu wangu," bibi alinong'ona.

Hakufuta. Wivu aliokuwa nao kwa mdogo wake ulimhamia yule wa kisimani, maana kushindwa na Wening kuliuma, lakini kushindwa na asiye na mwili kulimkosesha hata usingizi, kwa hiyo kesho yake adhuhuri akasimama tena uani mbele ya simu, akacheza kwa hasira huku harufu ya asumini ikimkaba koo na njuga zikilia nyuma yake, zikimkaribia, mpaka pumzi baridi ikamgusa shingoni na miguu yake ikaacha kumsikiliza.

Jioni Yuyun alikula, vidole vimepinda kama vya mchezaji. Paka hakumkaribia.

Wening aliifungua video mpya iliyorushwa mchana ule. Dada yake alicheza mbele kwa ustadi ambao hakuwahi kuwa nao. Nyuma, kando ya kisima, kulikuwa na mwanamke mwenye sura ileile ya dada yake, analia, midomo ikiita, "Wening, Wening."

Chini yake mtu aliandika, "Huyo wa nyuma hajui kucheza. Mtoeni."