Chupa Mbili za Profesa Safiyo

Kila Jumamosi Ilwad alifagia ua, akawanywesha mbuzi, kisha akangoja kipindi cha jioni cha shangazi yake redioni. Shangazi huyo, aliyemwita Eddo kama wanavyoitwa mashangazi kwao Buna, alikuwa Profesa Safiyo, mwalimu wa jiolojia katika chuo kikuu Nairobi. Utotoni alichunga mbuzi papo hapo Buna, akiwasumbua wakubwa kwa swali moja: kwa nini maji ya kisima hiki ni matamu na ya kile yana chumvi? Hakuna aliyemjibu, akaenda kulitafuta jibu shuleni. Alipolipata hakuliacha kwa wasomi wenzake. Alilieleza redioni, kwa Kisomali na Kiswahili, hata wachungaji wakawa wanampigia simu kuuliza kuhusu mawe waliyookota.

Jumamosi hii Eddo alikuwa nyumbani. Alikuja kupima maji ya kisima kipya, kwa kuwa kwingine alikuwa ameona maji yaliyoharibu meno ya watoto.

"Chupa moja ijaze kwenye bomba la shule," alimwambia Ilwad. "Nyingine ijaze kwenye kisima kipya, ng'ambo ya laga. Mimi nina kikao na wazee."

Ilwad aliijaza ya kwanza. Akielekea kwenye laga, ule mto mkavu, alipita kwa rafiki yake Hamdi. Dada yake Hamdi alikuwa anaolewa, na wasichana walikuwa wakipakana hina.

"Njoo kidogo tu," Hamdi alisema.

Hina ilipokauka, jua lilikuwa limeshainama. Ilwad alirudi kwenye bomba la shule akaijaza na chupa ya pili. Maji ni maji, alijiambia.

Nyumbani Eddo alipima, akapima tena. Akakunja uso.

"Ajabu. Maji hubeba madini ya mawe yanayopitia, na ng'ambo ya laga mawe ni mengine kabisa. Mbona yanafanana hivi? Labda ni mimi niliyekosea kuhusu mawe haya miaka yote."

"Basi kisima ni salama, alhamdulillahi," alisema Kerrow, baba yake Ilwad, aliyekipigania kisima hicho kwa muda mrefu. "Watangazie watu leo."

Ilwad hakuweza kutulia. Alifagia ua uliokwisha kufagiwa. Alimfunga mbuzi, akamfungua. Alitoka hadi langoni, akarudi. Mdogo wake Ayanle alikuwa mlangoni na kikombe cha maji ya kisima kipya, akinywa huku akicheka. Eddo alikuwa ameshika simu, akingoja studio impigie.

"Eddo, usitangaze," Ilwad alisema. "Sikufika kisimani. Chupa zote mbili ni maji ya bomba."

Kerrow alisimama kwa hasira. Eddo akamzuia kwa mkono. Simu ikalia.

"Ndugu wasikilizaji," alisema Eddo hewani, "niliwaahidi majibu ya kisima cha Buna. Leo sina. Maji niliyopima hayakutoka pale, na kosa la kwanza ni langu, maana sikwenda mwenyewe. Kwa sasa watoto wasiyanywe."

Asubuhi iliyofuata walikwenda pamoja. Kipimo kilionyesha madini mengi ya floraidi, ambayo hudhuru meno ya mtoto yakiwa bado yanajengeka ndani ya fizi. Wazee wakakubaliana kwamba kisima kiwe cha mifugo na kufulia. Kerrow hakufurahi, ila ni yeye aliyempeleka punda bombani kuchota maji ya Ayanle.

"Eddo, bado umenikasirikia?" Ilwad aliuliza wakiwa wamebaki wawili kisimani.

"Jana nilikasirika sana," Eddo alijibu. "Lakini fikiri. Kosa la chupa tumelirekebisha asubuhi moja. Ungenyamaza, akina mama wangeendelea kuwanywesha watoto maji haya kwa sababu tu mimi nimesema ni salama. Anayeaminiwa na watu, awe profesa au mtoto aliyetumwa maji, lazima aweze kusema 'nimekosea' kwa sauti ile ile anayosemea 'najua'. Na aseme mapema, kabla mwingine hajaumia."