Nani Kaniita, na Kaniandalia Nini

Niwieni radhi mapema, kwa maana hadithi hii nitaiharibu. Mimi mtu wa jukwaani. Nimezowea kujikwaa kwenye zulia watu wakacheka, na hadithi ya majini inataka mtu mwenye haiba, mwenye kujua kunyamaza pahala pake. Kunyamaza sikusomea. Tena sikuwapo ilipotokea, ndiyo maana naijua yote.

Basi alikuwapo Humaid bin Hood, wa Ibra, Omani. Hata kama hamumjui mnamjua, kila mji unaye wake. Ni mtu ambaye akinunua kalamu hujiita mwandishi. Humaid alinunua maikrofoni, akajiita mkurugenzi. Kabla ya hapo alikuwa akipiga video za harusi, na hapana bibi harusi wa mkoa wa Sharqiyah aliyetoka na kichwa kizima katika video ya Humaid. Studio yake ilikuwa chumba cha chini katika nyumba ya mamake, kuta zimebandikwa sponji jeusi, mlango umeandikwa kwa lugha tatu, zote kwa makosa.

Kampuni moja ya Uchina ikawa inatengeneza mchezo wa kompyuta wenye malkia wa majini anayekaa kwenye magofu ya Omani. Ikataka sauti ya malkia irekodiwe hukuhuku, wenyewe wapate kujisifu. Vipi walimfikia Humaid, Mungu anajua. Nadhani waliangalia picha za studio ya mtu mwingine. Wakamleta mwigizaji wao, Shen Lan.

Huyu alikuwa mwanamke wa makamo, mfupi, mpole, uso ambao ukiupita sokoni huukumbuki. Lakini koo lake lilikuwa mji mzima. Alianza ujana wake kwa kulia: katuni ikiwa na mtoto mchanga, aliitwa yeye. Akapanda akawa bata wa tatu, kisha bata wa kwanza, kisha mbweha, kisha bibi kizee mchawi. Katika michezo ya kompyuta alikufa kwa upanga, kwa moto na kwa maji, na kila kifo alikipa mguno wake. Zaidi ya yote alikuwa Dou Dou, mtoto wa kiume mtundu wa katuni ambayo watu wa kwao walikua nayo, wakaoa, wakazaa, na watoto wao wakakaa kuitazama. Akitoka Ibra alikuwa anarudi kurekodi filamu ya mwisho ya Dou Dou, ya kuwaaga watazamaji. Kwa ajili ya filamu ile hata maji baridi alikuwa hanywi.

Haya alimweleza Reem, binti wa kakake Humaid. Reem alisomea ufundi wa sauti Guangzhou, Kichina anakisema vizuri kuliko Kiswahili. Ndiye aliyekuwa akifanya kazi zote za studio. Humaid alikuwa akifanya kazi ya kukaa.

Alipoona mgeni amefika na yeye hana la kumwelekeza, Humaid akapata wazo. Mamake, Bi Kaltham, alikuwa amekwenda Jalan Bani Bu Ali kukaa na ndugu yake. Humaid akapanda juu, akafungua kasha la mamake bila ya ruhusa, akatoa kanda ya kaseti iliyorekodiwa Malindi, Unguja, miaka ile ya nyuma.

Watu wa nyumba ile walijua, na walikuwa hawasemi, kwamba Bi Kaltham zamani alikuwa kiti, yaani mtu ambaye jini humpanda kichwani na kusema kwa kinywa chake. Jini lake lilikuwa ruhani, jini safi la kifalme, jina lake Bibi Zumrati. Ruhani huyu akiitwa kilingeni huvuta pumzi ndefu, kisha huuliza: "Nani kaniita, na kaniandalia nini?" Hapo hupewa chano chake: udi, marashi ya waridi, halua, kahawa katika kikombe kisichopata kunywewa. Akisharidhika, huaga. Hata mtoto wa Kizanzibari anajua kuwa ruhani haitwi mikono mitupu. Humaid naye alijua. Ila alidhani adabu ni ya washamba.

"Aige hili," akamwambia Reem, akibonyeza kaseti. "Mwambie ndiyo lugha ya majini wa kale."

"Ami, hii si Bibi?"

"Bibi yako hayupo. Yalla."

Shen Lan akasikiliza akiwa amefumba macho. Akasikiliza tena, kidole kwenye koo, akaitafuta ile pumzi ya mwanzo, maana yeye aliamini mtu yumo katika pumzi kabla hajawa katika maneno. Kisha akasogea kwenye maikrofoni, akavuta, akasema: "Nani kaniita, na kaniandalia nini?"

Reem nywele za mkononi zikasimama. Ilikuwa vilevile, mpaka kile kikwaruzo cha mwisho.

"Rudia," akasema Humaid.

Akarudia.

"Rudia."

"Ami, ya kwanza iko sawa," Reem akanong'ona. "Kwa nini unamchosha?"

"Nani anayemtaka yeye? Naishibisha kompyuta. Nikishapata sauti yake ya kutosha itasema peke yake, mbweha, bata, huyo Dou Dou wake, yote nitauza mimi, na yeye akale wali kwao." Akacheka, akamnyooshea mgeni kidole gumba, na Shen Lan, asiyejua Kiswahili, akatabasamu kwa adabu. "Rudia."

Ilikuwa adhuhuri, saa ambayo Ibra yote imelala, maduka yamefungwa, hata paka wameingia chini ya magari. Reem akasikia kitu kidogo katika vipokea sauti alivyovaa masikioni. Kabla ya pumzi ya Shen Lan palikuwa na pumzi nyingine. Mbali, kama mtu aliyesimama nyuma ya mlango. Akadhani ni waya. "Rudia," akasema Humaid, na ile pumzi ikaja tena, safari hii ndani ya chumba, na harufu ya udi ikapita ilhali hapakuwa na chetezo, "rudia," na pumzi ikasogea, ikawa begani kwa Shen Lan, na marashi ya waridi yakajaa mpaka Reem akayaonja ulimini, "rudia," na kila mara yule aliyeitwa alifika, akauliza alichoandaliwa, akajibiwa kwa neno moja la kufukuzwa na kuitwa upya, kama mtumwa wa dukani, mchana mzima, na Humaid akipiga miayo na kujikuna mguu, mpaka ikafika mara ambayo Shen Lan hakufungua kinywa kabisa, Reem alimwona kwa macho yake amebana midomo na ameshika koo kwa mikono miwili, na sauti ndani ya vipokea sauti ikasema, taratibu, karibu kiasi cha kulowesha sikio: "Nani kaniita. Na kaniandalia nini."

"Hiyo nzuri," akasema Humaid. "Rudia."

Jioni yake Shen Lan alimwandikia Reem katika simu: Sauti yangu haipo. Reem akampandia chumba cha wageni. Akamkuta kitandani, machozi yanamtoka, akijaribu kumtoa Dou Dou. Midomo inajipanga, koo linapanda, na kinachotoka ni sauti ya bibi wa kifalme wa Unguja ya zamani, ikiuliza lilelile. Akijaribu jina lake mwenyewe, lilelile.

Humaid akaingiwa na hofu. Si ya jini, ya mamake. Akamwita haraka Muhanna wa Izki, tabibu wa majini aliyejitangaza kwa simu, ambaye picha yake imebandikwa kwenye gari lake pande zote mbili. Muhanna akaliuliza jini kwa Kiarabu, kwa ukali, ni wa kabila gani. Jini likamjibu kwa Kiswahili: "Kwanza kapige mswaki."

Muhanna akamgeukia Humaid. "Kichina chake kigumu huyu," akasema, akavaa viatu.

Humaid akajaribu mwenyewe. Alikumbuka neno chano, akaweka kwenye sinia la plastiki biskuti za paketi, soda, na dawa ya kupulizia chooni yenye picha ya waridi.  Kisha sinia likateleza juu ya meza, polepole, hakuna mkono, likafika ukingoni, likasita kidogo ili Humaid alitazame vizuri, likaanguka.

Siku ya pili Bi Kaltham akarudi. Hakuna aliyempigia simu. Alikuwa na kikapu cha tende mkononi. Alipofika mlangoni akasimama, akanusa, na tende zikamwagika ngazini.

"Shikamoo, Bibi," akasema Reem.

"Marahaba. Nani kafungua kasha langu?"

Reem akamtazama ami yake. Humaid akatazama dari.

"Mama, ni kazi tu, mambo ya teknolojia..."

"Nilimuaga Unguja," akasema Bi Kaltham, sauti ya chini kabisa, "kwa chano kikubwa, na ngoma, na machozi. Akanambia hatorudi mpaka aitwe. Umemwita mara ngapi?"

Humaid akafungua mkono, kama mtu anayetaka kuhesabu, akaufunga.

Wakashuka studioni jua likiwa la utosi. Bi Kaltham akatandika kitambaa cheupe, akaweka halua aliyotoka nayo Jalan ingali na uvuguvugu, marashi ya Jabal Akhdar, udi mzuri wa kwenye kasha, na kahawa katika kikombe kipya. Akamkalisha Shen Lan mbele ya chano, akamshika mkono.

"Asalaam alaykum, Bibi Zumrati."

"Kaltham," ikasema ile sauti, kinywani mwa Mchina. "Umezeeka."

"Wewe hukuzeeka. Nisamehe, mlango ulifunguliwa na mjinga."

"Nimemwona. Nyumba yako imetoa huyu?"

"Uchungu niliuona mimi, Bibi, usiniongezee."

Reem alikuwa akimtafsiria Shen Lan sikioni. Shen Lan akachukua simu, vidole vinaruka, akaandika, na Reem akasoma: "Anasema anakuomba. Anasema uso wake hakuna anayeujua, hana kitu kingine. Kuna watoto wanamngoja. Anataka kuwaaga tu."

Moshi wa udi ukasimama wima. Halua ikafanya tundu katikati, kama iliyoguswa na kidole.

"Huyu hakunikosea," ikasema sauti. "Aliniita vizuri. Tangu niondoke Malindi hakuna aliyeniita vizuri namna hii. Ningependa kukaa." Shen Lan akafumba macho. "Lakini mimi si mwizi. Mwizi ni yule. Sitoki mikono mitupu. Kwa mara zote zile nilizofukuzwa, nataka fidia."

"Mchukue huyo mwanangu awe kiti chako," akasema Bi Kaltham, bila ya kufikiri sana.

"Mama," akasema Humaid.

Jini likamtazama Humaid kwa macho ya Shen Lan, kutoka utosini mpaka kwenye kandambili, na lilipofika chini likarudi juu, maana halikuona cha kusimamia.

"Huyu si kiti," likasema. "Huyu ni kigoda cha chooni. Simpandi. Sauti yake nitaichukua, nitamwachia neno moja analolijua."

Pumzi ndefu ikavutwa chumbani. Sponji jeusi likajivuta kuelekea ndani, kuta zote nne, kama mbavu za mnyama. Kisha kahawa ikawa imepungua kikombeni, na Shen Lan akakohoa.

 Shen Lan akagusa koo. Akajaribu kidogo, kama mtu anayekanyaga mguu uliovunjika, na katika chumba kile kikatoka kicheko cha mtoto wa kiume mtundu, kizima, kina njia yake ya kupanda mwishoni. Reem akalia. Bi Kaltham, ambaye hajapata kuona katuni maishani, akasema, "Mtoto huyu mzuri. Wa nani?"

Humaid akafungua kinywa kuomba msamaha.

"Rudia," akasema.

Akashtuka. Akajaribu tena. "Rudia."

Reem aliifungua kompyuta, akafuta kila sauti ya mgeni, na ami yake akisimama nyuma yake akipinga kwa nguvu zake zote: rudia, rudia. Shen Lan akaenda kwao akamuaga Dou Dou wake. Humaid yuko Ibra mpaka leo. Muuza kahawa akimuuliza, "Nikuongeze?" hujibu rudia, na humiminiwa. Lakini ukimpa salamu, hutazama chini, midomo ikihangaika kulitafuta jibu ambalo kila Muislamu analo, na hapo hata mimi sichekeshwi.

Sasa nitamaliza vibaya kama nilivyoahidi. Hadithi hii nimeisimulia Sur, nimeisimulia Nizwa, harusi mpaka harusi, na pahala pa jini naitoa ile sauti, kwa pumzi yake na kikwaruzo chake. Watu huanguka kwa kucheka. Hunambia, "Bwana we, rudia," na mimi kwa makofi sina haya, narudia. Jana adhuhuri nilikuwa mbele ya kioo nafanya mazoezi. Nikataka kuvuta pumzi, nikakuta imeshavutwa.

Nikatoka mbio mpaka jikoni. Nikamwambia mke wangu Asya alete haraka ile halua niliyonunua Nizwa mahususi kwa jambo kama hili, akiba ya chano, niliyoifunga vizuri na kuiweka juu kabisa.

"Halua ipi?" akasema Asya. "Si uliila yote juzi, ukalamba na kopo?"