Kauli Hii Haijathibitishwa

Saa tatu asubuhi, mshenga-chuma alikuwa amekaa kwenye kochi la Mjomba Msabila huko Pugu, kifuniko cha kichwa kikiwa wazi na chipu yake ya kumbukumbu ikiwa imechomolewa. Hakukumbuka chochote isipokuwa sentensi moja aliyotoka nayo kiwandani. Kila alipoguswa bega alisema, "Tumekuja kwa heri," kisha akanyamaza.

Aliyekuwa akimgusa bega ni Mhandisi Lubinza Kapaya, mwenye mashine na mwenye posa. Saa kumi jioni ya siku hiyo mshenga-chuma alitakiwa kurudi Kisarawe, nyumbani kwa Mzee Pazi, kumposea binti yake Mwanahawa. Mzee Pazi alikuwa ametamka wazi kwamba hakutakuwa na mara ya tatu.

Katika miaka hiyo ni familia chache tu za Dar es Salaam na viunga vyake zilizokubali mshenga wa damu, yaani binadamu. Washenga wa damu walikuwa wakiongeza chumvi. Mzee Pazi mwenyewe alikuwa ameozesha binti wa kwanza kwa kijana aliyesifiwa kuwa na shamba la mikorosho, na shamba lilipotafutwa likapatikana kwenye picha ya kalenda. Kwa binti wa pili alitaka mashine. Mshenga-chuma alisema kama ukweli yale tu yenye ushahidi. Akisema jambo lisilo na ushahidi, alilazimika kutangaza hivyo hapo hapo. Hilo lilikuwa sharti la kiwanda na hakuna fundi aliyeweza kuliondoa.

Jumamosi iliyopita mfumo huo ulifanya kazi vizuri kupita kiasi. Lubinza ni Mnyamwezi, ukoo wa Mwanahawa ni Wazaramo, na makabila hayo ni watani tangu enzi za misafara, Wanyamwezi walipobeba mizigo hadi pwani. Mtani anakutukana mlangoni, nawe unamjibu. Anayenuna ndiye mwenye kosa. Shangazi Pili, dada yake Mzee Pazi, alimpokea mgeni kwa kutangaza kwamba bwana harusi ni mwizi wa kuku anayejulikana Kisarawe nzima. Mshenga-chuma alipekua kumbukumbu za mahakama, hakuona kesi yoyote ya kuku, akapeleka malalamiko ya kashfa kituo cha polisi. Askari wawili walifika kabla ya chai.

Kwa hiyo Lubinza alikuwa na kazi moja: kuandika utani kwenye chipu. Kifaa cha kazi hiyo huitwa kiandika-chipu. Ni kisanduku kidogo chenye soketi inayobana miguu ya chipu. Husoma kilichomo, hukifuta na kuandika kipya. Tatizo ni kwamba hakikukubali kuzungumza na chochote isipokuwa kompyuta ya mezani ya zamani, na kompyuta hiyo Mjomba Msabila alikuwa nayo sebuleni, imefunikwa kitambaa cha kufuma kilichofumwa na marehemu mkewe, na maua ya plastiki juu yake.

Lubinza aliomba kitambaa kitolewe.

"Kompyuta nimekuazima," alisema mjomba. "Kitambaa sijakuazima."

Kitambaa kikabaki. Lubinza aliunganisha kebo. Kompyuta ikasema haikijui kifaa hicho, akaiwekea kiendeshi, yaani programu ya kukitambulisha, ikakijua. Akaipachika chipu kwenye soketi, alama yake ikielekea wenzo wa kuibana, kwa sababu chipu iliyogeuzwa huungua. Akachagua aina ya chipu kwenye orodha, akaisoma, na kabla ya kufuta chochote akahifadhi nakala. Kisha akamwomba mjomba amtajie matusi.

Mjomba, aliyekuwa mshenga wa damu kabla ya mashine kuja, aliyataja kwa furaha. Lubinza aliyapanga yote katika sehemu ya kauli zisizothibitishwa. Akauliza mashine itukane mara ngapi.

"Mpaka wacheke."

"Hicho si kipimo, Mjomba."

"Basi mpaka chai iletwe."

Hicho kilikuwa kipimo, akakiandika.

"Na mwisho kabisa," mjomba alisema, "iseme kijana wetu anampenda binti yenu. Bila hiyo hakuna posa."

Lubinza aliiandika, kisha akakaa akiitazama. Kulikuwa na sehemu mbili, ya kauli zenye ushahidi na ya zisizo nao, na alitakiwa kuchagua moja. Alitafuta ushahidi, akasema hakuna hati, kipimo wala shahidi.

"Shahidi si wewe mwenyewe?" mjomba akauliza.

"Mhusika hawezi kuwa shahidi wake mwenyewe."

Mjomba akasema kwamba sasa ameelewa kwa nini kijana huyu amechelewa kuoa. Lubinza aliiweka kauli kwenye sehemu ya matusi, akaamuru uandishi uanze. Ulipokaribia kumalizika kompyuta ilizimika. Mjomba alitazama dari kana kwamba umeme umekatika, ingawa taa ilikuwa inawaka. Lubinza aligusa kompyuta: ilikuwa ya moto, matundu yake ya hewa yakiwa yamezibwa na kitambaa. Mjomba alikifunua upande mmoja, huo tu. Uandishi ulirudiwa, programu ikalinganisha kilichomo kwenye chipu na kilichoandikwa kwenye kompyuta, ikatangaza kwamba vinalingana.

Saa kumi jioni mshenga-chuma aliingia kwa Mzee Pazi, mjomba akiwa nyuma yake kama msindikizaji. Kwa desturi mwenye posa haingii ndani kabla ya jibu, kwa hiyo Lubinza alibaki ndani ya gari, akifuatilia kwa kisikilizi cha sikioni.

Shangazi Pili alikuwa mlangoni. "Wapagazi wamerudi. Leo mmebeba mizigo ya nani?"

"Tumekuja kumbeba binti yenu," alisema mshenga-chuma, "maana nyinyi hata nazi mnangoja ianguke yenyewe. Kauli hii haijathibitishwa."

Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Ndani ya gari Lubinza alishusha pumzi.

"Mzaramo akisikia ngoma huacha wali ukaungua jikoni. Kauli hii haijathibitishwa."

"Hiyo ithibitishe," alisema Shangazi Pili. "Jana nimeunguza."

Iliendelea hivyo hadi chai ilipoletwa. Mashine ikanyamaza kama ilivyoandikiwa, ikamgeukia Mzee Pazi, ikainamisha kichwa na kusema kwa sauti ya heshima:

"Kijana wetu anampenda binti yenu. Kauli hii haijathibitishwa."

Hakuna aliyecheka. Mzee Pazi aliweka kikombe chini. Aliuliza, bila ukali, ni nani basi anayeweza kuithibitisha, kwa sababu kalenda nyingine hana nafasi ya kuitundika. Kisha akamgeukia Mjomba Msabila.

"Mimi kauli hiyo nimeisema kwenye nyumba nyingi," alisema mjomba. "Vijana wengine nilikuwa sijawahi hata kuwaona. Leo usiniulize mimi, mzee mwenzangu."

Mlango wa gari ulisikika ukifungwa. Lubinza aliingia bila viatu, soksi moja ikiwa imetoboka kidoleni, akapiga goti mbele ya Mzee Pazi.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba. Umevunja desturi."

"Ndiyo, Mzee. Nimetafuta ushahidi tangu asubuhi, sikupata. Sina hati. Nampenda Mwanahawa. Ushahidi nilio nao ni huo tu."

Mshenga-chuma aliwasha taa ya kijani kifuani. "Kauli ya mhusika imepokelewa mbele ya nyumba mbili. Upande wa binti?"

Pazia la chumba cha ndani lilitikisika.

"Ithibitishe," ilisema sauti ya Mwanahawa, "kabla hajabadilisha chipu."

"Imethibitishwa," alisema mshenga-chuma.

Mzee Pazi alikiri kwamba kwa upande wake hana la kuongeza. Shangazi Pili alikuwa nalo. Mnyamwezi aliyeingia kabla ya kuitwa hulipa faini, na faini ya mpagazi inajulikana: mchele wa harusi ulikuwa bado dukani, ng'ambo ya barabara.

Saa kumi na moja na robo, Mhandisi Lubinza Kapaya alionekana akivuka ua wa Mzee Pazi, bila viatu, gunia la mchele likiwa kichwani.