Mapovu ya Babu

Kila alasiri Chiriku alipotoka shuleni alivua sare, akala haraka haraka, kisha akawasha kompyuta iliyokuwa pembeni mwa cherehani ya mama yake. Ilikuwa kompyuta kuukuu. Shule ilikuwa imewapa baada ya kupata nyingine mpya, na mwalimu wa kompyuta alikuwa ameweka ndani yake programu ya kutengenezea michezo na katuni. Programu hiyo haikuhitaji intaneti. Amri zake zilikuwa vipande vya rangi. Unavuta kipande kwa kipanya, unakipachika chini ya kingine, navyo vinashikana kama matofali. Ukimaliza kuvipanga, unabonyeza, na samaki uliyemchora anaanza kuogelea.

Jina lake halisi lilitumiwa na walimu tu. Nyumbani na mtaani aliitwa Chiriku, kwa sababu mdomo wake haukujua kupumzika. Aliyekuwa na subira ya kumsikiliza kuliko wote ni babu yake, mzazi wa mama yake.

Babu alikuwa kinyozi. Chumba cha mbele cha nyumba yao kilikuwa duka lake, chenye kioo kikubwa, kiti cha kuzunguka na nyembe zilizopangwa juu ya taulo safi. Lakini tangu apatwe na kiharusi, duka lilikuwa limefungwa. Mguu wake ulikuwa umeanza kurudiwa na nguvu polepole. Mkono wa kulia, ule wa kazi, ulikuwa umelegea na kutetemeka kama si wake.

Kila wiki alikuja mtaalamu wa mazoezi ya viungo kutoka zahanati, ambaye nyumba nzima ilimwita Dada wa Mazoezi. Alimpa Babu mpira laini wa kuminya. Babu aliuchukia mpira huo. Alisema amegeuzwa mtoto mchanga.

Basi Chiriku akamtengenezea mchezo. Mapovu ya sabuni yalipanda kutoka chini ya skrini, na Babu alitakiwa kushika kipanya kwa mkono wa kulia, apeleke mshale hadi kwenye povu na kubonyeza ili lipasuke. Chiriku alipachika vipande vyake kwa uangalifu: kama mshale unagusa povu, povu lipasuke, na alama moja iongezeke.

Babu alijaribu. Mkono ulitetemeka, mshale ukaenda kombo, na mapovu yakapita juu ya skrini kana kwamba yanamcheka. Sifuri. Kesho yake, sifuri tena. Siku moja alikisukuma kipanya kikatoka mezani, kikabaki kining'inia kwa waya wake.

"Mkono huu umekufa," alisema. "Niacheni."

Akalala akatazama ukuta. Chakula hakukigusa, wala kesho yake. Chiriku alimkuta mama yake jikoni akijifuta macho kwa upindo wa gauni, na moyo ukamuuma.

Alirudi kwenye kompyuta, akafungua mchezo wake na kuking'oa kipande kimoja tu, kile kilichosema kama mshale unagusa povu. Kuanzia hapo, Babu akibonyeza popote, povu lililo karibu lilipasuka na alama ikapanda. Chiriku alijiambia ni kwa siku chache tu, mpaka Babu apate moyo.

Na kweli Babu alipata moyo. Siku ile alipasua mapovu mengi kuliko alivyoweza kuhesabu. Alicheka mpaka akakohoa, akaomba chakula, akamwita Mama aje aone. Kila asubuhi akawa anamtania mjukuu wake, "Daktari wangu, leo nikupasulie mangapi?" Mama naye alianza kuimba tena kwenye cherehani. Ila mpira wa kuminya ulikuwa umetupwa chini ya kitanda. Babu alisema hauhitaji, mchezo umeshasema amepona.

Chiriku hakuwa na raha. Maneno yalimpungukia. Dada wa Mazoezi alipokuja, aliushika mkono wa Babu, akaukunja na kuukunjua, akakunja uso. Alisema ni ajabu, alama zinapanda lakini mkono anauona ni ule ule. Kisha akamtazama Chiriku. Chiriku akainama chini ya meza akijifanya anatafuta penseli.

Jumamosi moja, Mama alipokuwa amekwenda kumpelekea mteja nguo, Chiriku alikuwa uani akifua. Alisikia mlango wa duka ukivutwa. Mlango ule haukuwa umefunguliwa tangu Babu augue. Aliacha nguo kwenye beseni akaenda mbio, mikono ikichuruzika maji.

Kwenye kiti cha kuzunguka aliketi dereva wa lori, rafiki wa Babu wa miaka mingi, taulo shingoni, mashavu na koo vimejaa povu jeupe. Alikuwa amefumba macho, kichwa amekiegemeza nyuma. Babu alisimama kando yake na wembe katika mkono wa kulia. Ncha ya wembe ilikuwa inatetemeka.

"Mgonjwa gani huyu," dereva alikuwa akisema kwa furaha, macho bado kayafumba. "Kumbe ulikuwa unajipumzisha tu."

Babu alitabasamu, akauinua mkono kuelekea kooni.

Chiriku alisimama mlangoni. Akisema, Babu atarudi kutazama ukuta. Asiposema, ile ncha itashuka.

"Babu, usimnyoe," alisema. Sauti ilimtoka nyembamba. "Mchezo unadanganya. Mimi ndiye niliyeufanya udanganye."

Wembe ulisimama hewani. Dereva alifumbua jicho moja. Babu alisema asiletewe utani kazini, maana alama zake kila mtu ameziona.

"Weka wembe kwanza, Babu. Tafadhali. Njoo nikuonyeshe."

Labda ni uso wa Chiriku uliolowa machozi ndio uliomshawishi. Babu aliuweka wembe juu ya taulo, akamfuata hadi kwenye kompyuta, na dereva akaja nyuma yao na povu lake kidevuni. Chiriku aliwasha mchezo. Alimwomba Babu apeleke mshale pembeni kabisa, mahali pasipo na kitu, abonyeze. Babu akabonyeza. Upande wa pili wa skrini povu likapasuka. Alama moja. Akabonyeza tena patupu. Alama mbili.

Babu aliitazama skrini, kisha akautazama mkono wake. Hakugomba. Alimgeukia rafiki yake, akamwambia taratibu, "Nenda ukajioshe, ndugu yangu. Leo ningekuumiza." Dereva aligusa koo lake.

Mchana kutwa Babu alikaa kitandani. Mama aliporudi akasikia yaliyotokea, aliketi akajishika kichwa. Alimtuma Chiriku zahanati akamwite Dada wa Mazoezi, na akasisitiza kwamba Chiriku mwenyewe ndiye atakayemweleza. Njia ilikuwa fupi, lakini siku hiyo Chiriku aliiona ndefu.

Dada wa Mazoezi alisikiliza yote. Walipofika nyumbani aliketi kitandani pa Babu, akamwita Chiriku akae karibu.

"Ulifanya hivyo kwa kumpenda babu yako, hilo najua," alisema. "Lakini zile alama ndizo zilizomfanya autupe mpira. Wiki zote hizo mkono ungekuwa unapata nguvu, nao umekaa bure. Mgonjwa akidanganywa kwamba amepona, anaacha dawa."

Chiriku aliinamisha kichwa. Alimwomba Babu msamaha, maneno yakikatikakatika.

Babu alimshika bega. "Siku ile nilipokataa kula," alisema, "nilikuwa nataka mtu aniambie kwamba ni kazi ngumu na atakaa nami. Hukuhitaji kuniongezea alama, mjukuu wangu." Akamwambia arudishe kile kipande alichokitoa.

Chiriku alikirudisha mbele yao wote. Kisha, kwa ushauri wa Dada wa Mazoezi, aliyafanya mapovu yawe makubwa na yapande polepole, na akaweka kitufe cha kuyapunguza ukubwa kidogo kidogo kadiri mkono utakavyopata nguvu. Alihakikisha Babu anaona kila badiliko kabla ya kulihifadhi.

Siku zilizofuata zilikuwa za sifuri nyingi. Babu aliminya mpira asubuhi, akaminya jioni, Chiriku akiwa kando yake. Wakati mwingine alikasirika, wakati mwingine alichoka. Hakuna aliyemficha chochote.

Alasiri moja povu kubwa lilikuwa linapanda katikati ya skrini. Mshale ulitetemeka, ukapita, ukarudi, ukaligusa. Babu akabonyeza. Povu likapasuka.

Alama moja. Babu aliitazama kwa muda mrefu, kisha akamgeukia mjukuu wake.

"Hii ni yangu," alisema. "Hii hata ukizima kompyuta, ninayo."